Elof Pembea na Ndoo za Maziwa

Roland Stenvall alikuwa anatafuna mkate huku anasoma gazeti la wilaya, na alipofika kwenye ile habari akapiga meza kwa kiganja hadi vikombe vikaruka.

"Wameipata!" alisema. "Ile katuni wameipata. Ilikuwa imelala darini pale Jumba la Wafanyakazi miaka yote hii, ndani ya kopo la biskuti."

"Katuni gani?" aliuliza Marianne, mkewe, aliyekuwa anafunga vifungo vya koti tayari kwenda kazini.

"Ya Sixten Ahlmark, yule mchora mabango. Aliichora jikoni kwake, karatasi moja moja, enzi zile sinema hazijaanza hata kusema. Watu wa Stockholm wameichukua, wameisafisha, wametoa nakala. Wanasema ni katika katuni za mwanzo mwanzo kabisa hapa Uswidi. Na itaonyeshwa wapi? Hapa hapa Alvhyttan. Kwenye viti vyangu!"

Alivyoviita viti vyake vilikuwa vya Jumba. Tangu kiwanda cha chuma kifungwe, Roland alikuwa anazungushwa na ofisi ya ajira kutoka kibarua hiki hadi kile, na safari hii halmashauri ilikuwa imempa kazi ya muda ya kupaka rangi ukumbi. Håkan Wretling, bwana utamaduni wa mji, alikuwa amemdokeza kwamba Jumba likifufuka litahitaji mtunzaji wa kudumu. Alimdokeza tu, tena wakiwa wamesimama mlangoni, lakini Roland alilibeba neno lile kila siku kama mtu aliyebeba yai.

"Inaitwaje hiyo filamu?" aliuliza mama yake kutoka kwenye kiti cha dirishani.

"Elof Pembea na Ndoo za Maziwa." Roland akacheka. "Jina tu linatosha."

Bibi Ingegerd alishusha kikombe. Kilikosa kisahani, kikagonga ukingo wa meza, na kahawa ikaanza kutambaa kwenye kitambaa cheupe. Hakuifuta.

"Hilo jina usilitamke tena humu ndani," alisema.

"Mama, ni katuni."

"Ni baba yangu."

Roland alijua kwamba babu yake aliitwa Elof, alikuwa anapeleka maziwa majumbani, na alikufa kabla ya Vita Kuu ya Pili. Picha yake haikuwapo hata moja. Basi, hayo ndiyo aliyoyajua, na hakuwahi kuuliza zaidi, maana mama yake hakuwa mtu wa kuulizwa.

"Alizaliwa nyonga zimetoka mahali pake," alisema Ingegerd. "Enzi zile nani angezirudisha? Akitembea alikwenda hivi na hivi." Akayumbisha mkono wake polepole, upande huu na upande ule. "Ahlmark alikaa dirishani kwake akimtazama kila asubuhi anapita na mti wa mzega begani, ndoo huku na ndoo huku. Akamchora. Wakaionyesha majira ya baridi yale, watu wakafa kwa kucheka, halafu mkanda ukapotea. Ila jina halikupotea. Mimi nimezaliwa nimelikuta. Watoto walimfuata barabarani wakimwigiza, wakaning'inia kwenye mzega. Mwisho mwenye ng'ombe akasema hawezi kuajiri kichekesho. Baba akawa hatoki tena mchana. Amefia nyumba ya maskini, Roland, na huko nako wauguzi walimwita Pembea. Nilikuwa nimeshika mkono wake, na muuguzi anauliza, Pembea ameshalala?"

Marianne alibaki na kifungo cha mwisho mkononi.

Mlango wa chumba cha nyuma ukafunguliwa, akatoka Petra, binti yao wa miaka kumi na mitatu, nywele bado mbichi. Akavuka jikoni kwenda kuchukua mkate, mwili wake ukilalia kushoto, ukirudi kulia, kama siku zote. Kasoro ya nyonga yake madaktari walikuja kuigundua amekwisha kuwa mkubwa. Walimpasua mara mbili, ikapungua, haikuisha.

"Mbona mmenyamaza?" aliuliza.

*

Marianne alikuwa mpishi katika makazi ya wazee. Siku moja ya wiki iliyofuata alikuwa anamenya viazi na mwenzake Gunvor, mama mnene mwenye moyo mzuri ambaye hakuwa na breki mdomoni.

"Umeiona ile katuni?" Gunvor alisema. "Shule imepewa kwenye video, mwanangu ameiona jana. Jioni kashika mafagio mawili begani, anatembea jikoni hivi, hivi, paka naye nyuma! Nimecheka hadi nikakaa chini. Basi nikamwambia..."

Akajikatiza. Wekundu ulimpanda kutoka shingoni. Marianne aliendelea kumenya.

"Sikuwa na maana hiyo," alisema Gunvor.

"Najua."

"Hawezi kuwa anamfikiria Petra. Wanapendana hawa watoto."

"Najua, Gunvor. Nipe sufuria."

Aliomba ruhusa mapema. Nyumbani alimkuta Petra amelala kitandani na viatu vyake, uso ukutani. Marianne alikaa pembeni, akaanza kumfungua kamba za viatu kama alivyomfanyia alipokuwa mdogo, na binti akamwachia.

"Wamekufanya nini?"

"Hakuna."

"Petra."

"Mwalimu alituonyesha katuni. Eti historia ya mji." Alikuwa anasema na ukuta. "Ile sehemu anapopanda ngazi, Jonas akageuka akanitazama. Hakusema kitu. Halafu wote wakageuka."

"Na mapumziko?"

"Walipanga foleni nyuma yangu. Wote wanapembea. Hata Sara."

Sara alikuwa analala kwao kila Ijumaa. Mswaki wake ulikuwa bafuni.

"Mwalimu hakuona?"

"Aliona. Akasema, haya, inatosha sasa. Lakini alikuwa anacheka, Mama. Alikuwa anajibana asicheke, lakini alikuwa anacheka."

Bibi Ingegerd alikuwa amesimama mlangoni. Hakuna aliyemsikia akija. Petra akageuka, akamwona, akakaa.

"Bibi, ni kweli yule mtu alikuwepo?"

"Alikuwepo. Ni baba yangu."

Petra alitazama miguu yake ndani ya soksi.

"Basi kumbe ni mimi kweli," alisema.

*

Ofisi ya bwana utamaduni ilikuwa na madirisha makubwa na bango la tamasha limebandikwa ukutani: mtu wa wino mweusi, mguu mmoja juu, mzega umepinda begani, ndoo zimepaa. Ingegerd alikaa bango likiwa mgongoni kwake. Roland alibaki amesimama, kofia mkononi, ingawa kiti kilikuwepo.

Wretling hakuwa mtu mbaya. Aliposikia Ingegerd ni mtoto wa nani alisimama, akaja kumshika Ingegerd mikono yote miwili.

"Binti yake! Bi Ingegerd, hujui umenipa zawadi gani. Miezi yote hii tunatafuta, tunaambiwa labda ni mtu wa kubuni tu. Kumbe binti yake yupo, anakaa mtaa wa Smedjegatan! Wewe ndiye mgeni wetu rasmi. Safu ya mbele. Utapanda jukwaani utuambie mawili matatu."

"Nimekuja kuomba isionyeshwe," alisema Ingegerd.

Wretling akarudi kwenye kiti chake taratibu.

"Isionyeshwe kivipi?"

"Isionyeshwe kabisa. Watu wa Stockholm wakae nayo, waifungie. Sisemi waichome. Isionyeshwe hapa."

"Lakini Bi Ingegerd, huu ndio mkanda pekee duniani. Kuna watu wanakuja kutoka Copenhagen. Mji huu haujapata habari njema tangu kiwanda kifungwe, Roland anajua, si ndiyo, Roland?"

"Ndiyo," alisema Roland.

"Na wala haimtukani mtu. Ni mzaha wa upendo kabisa! Ahlmark alimpenda mtu huyu, inaonekana kwenye kila mchoro. Ule mwendo wake..." Wretling alishasimama tena, mwenyewe hakujua amesimama. Akapiga hatua kuelekea dirishani akiyumba, nyonga huku, nyonga kule, viganja vikipepea mahali ambapo ndoo zingekuwa. "Alikuwa anatembea hivi kweli? Au Ahlmark ametia chumvi?"

Ingegerd alimtazama mpaka akasimama mwenyewe na kurekebisha koti.

"Nina mjukuu," alisema. "Anasoma shule yenu. Ana nyonga ile ile. Sasa wanamwita hilo jina."

"Hilo ni baya," alisema Wretling, na alimaanisha. "Hilo ni baya sana. Nitampigia mwalimu mkuu leo hii. Lakini Bi Ingegerd, hiyo ni kazi ya shule. Hatuwezi kuifunga sanaa kwa sababu watoto hawana adabu." Akamgeukia Roland, kwa sauti ya chini kidogo. "Roland, wewe na mimi tumeshaongea kuhusu ile kazi ya kudumu. Jumba bila filamu hii ni ghala tu la viti. Unanielewa."

"Naelewa," alisema Roland.

Nje, kwenye ngazi, alimshika mama yake mkono, naye akauchomoa.

"Ungemwambia polepole, Mama. Umemwingia kama askari."

"Na wewe hukumwambia hata polepole."

"Ningemwambia nini?"

"Kwamba ni mwanao," alisema Ingegerd. "Mjukuu ni wangu, lakini mtoto ni wako."

*

Petra alikataa shule. Mwalimu mkuu alipiga simu, akaomba radhi, akasema ameongea na darasa. Baada ya maongezi hayo wenzake hawakumfuata tena kwa foleni. Walikuwa wananyamaza akipita, na baada ya kupita mmoja anafanya mlio wa paka. Alikwenda siku mbili, akakataa tena.

Jumamosi jioni, soseji na viazi vikipoa mezani, Marianne alisema kilichokuwa kinamkaa kooni wiki nzima.

"Mwambie Wretling hupaki rangi tena."

"Halafu?"

"Halafu hakuna. Mwambie tu."

"Marianne, ofisi ya ajira wamesema hii ndiyo ya mwisho. Nikiikataa wananikata posho. Tutaishi kwa mshahara wako wa viazi?"

"Tumeshaishi kwa huo."

"Hatujaishi. Tumepumua tu." Roland alisukuma sahani. "Nina miaka arobaini na sita. Nani mwingine ataniita? Taja mmoja. Hii ni kazi ya ndani, ya kudumu, na funguo zangu mwenyewe. Unataka nikaitupe kwa ajili ya katuni ya dakika tano?"

"Unapaka rangi viti vya watu kukaa wamcheke mwanao."

"Hawamcheki yeye!"

"Muulize."

Mlango wa chumba cha nyuma ulikuwa umefungwa, na redio ilikuwa inasikika nyuma yake, sauti juu. Roland hakwenda kuuliza. Alichukua jaketi lake, akasema rangi ya safu ya mwisho inabidi ipate mkono wa pili, akatoka.

Ingegerd alianza kukusanya sahani.

"Siku ya onyesho nitakwenda," alisema.

"Mama, kwa nini ujitese?" aliuliza Marianne.

"Sijawahi kuiona. Baba alitukataza hata kuitaja. Nimeichukia maisha yangu yote na sijui inafananaje."

*

Ukumbi ulijaa. Waliokosa nafasi walisimama ukutani, na wengine walikuwa wamevaa suti ambazo hazijatoka kabatini tangu sherehe ya mwisho ya kiwanda. Viti vilinukia rangi. Marianne alibaki nyumbani na Petra. Ingegerd alikaa safu ya mbele na gauni lake la bluu, na Roland alisimama mlangoni, beji ya tamasha kifuani, kazi yake ikiwa kuzima taa.

Mpiga kinanda alianza, Roland akazima.

Kwanza kulikuwa na mikwaruzo, kama mvua. Kisha mkono wa mtu ukaingia na kalamu, ukachora mstari, mstari ukawa mtaa, mtaa ukawa na nyumba, na kutoka kwenye kona akaja mtu na mzega.

Ingegerd akashika mkono wa kiti.

Alikuwa yeye. Uso haukuwa wake, uso ulikuwa pua na masharubu tu. Lakini ule mtikiso mdogo wa bega la kulia kabla mguu wa kushoto haujashuka, na kichwa kilichobaki kimenyooka hali mwili mzima unayumba, na ule mguu unaochora nusu duara kabla ya kukanyaga. Alikuwa amesahau kwamba anavijua. Miaka sitini hakuwa na picha hata moja ya baba yake, na huyu hapa, anakuja.

Halafu ndoo zikaanza kumwagika. Kila akiyumba, maziwa yaliruka. Akatokea paka, akatokea wa pili, kila paka akiwa na mwendo ule ule, mpaka mtaa mzima ukawa paka wanaopembea kwa mstari nyuma ya mtu ambaye hageuki. Watu walicheka. Walianza watoto, wakafuata wakubwa. Mtu yule alipofika kwenye mlango wa mteja na kumimina, likatoka tone moja, na bibi wa nyumba akampiga kwa mwiko hadi akatumbukia mtoni, mto ukawa mweupe, na paka wote wakainama ukingoni wakaunywa. Hapo ukumbi ulilipuka. Watu waligonga sakafu kwa miguu.

Ingegerd aligeuka. Mwanga wa skrini ulikuwa unafika hadi mlangoni, akamwona mwanawe. Roland alikuwa amefunika mdomo kwa mkono, macho ameyafumba, mabega yanatikisika. Alikuwa anacheka. Hakutaka, ilionekana kwamba hakutaka, lakini kicheko kilikuwa kimemshika kama kikohozi.

Akafumbua macho, yakakutana na ya mama yake. Kicheko kilimfia usoni kwa namna ambayo Ingegerd hakutaka kuitazama, akageuza uso mbele.

Taa zikawaka. Wretling alikuwa jukwaani anapiga makofi.

"Na sasa, jambo ambalo hata magazeti hayalijui! Elof Pembea alikuwa mtu kweli, na binti yake tuko naye hapa! Bi Ingegerd, karibu, karibu!"

Hakuwa amekubali kupanda. Lakini watu walishasimama, mikono ilishamshika viwiko kumsaidia, na mara akajikuta chini ya taa na kipaza sauti mbele ya mdomo.

"Tuambie, mama," alisema Wretling. "Alikuwaje?"

Ingegerd alizitazama nyuso. Zilikuwa nyuso nzuri, bado nyekundu kwa raha. Zilikuwa zinasubiri.

"Hakumwaga," alisema.

Vicheko vidogo.

"Baba hakumwaga maziwa. Hata siku moja."

Wakacheka zaidi. Mzee mmoja safu ya tatu alijipiga paja. Ingegerd alidhani hawajamsikia vizuri, akasogea karibu na kipaza sauti, na kikapiga filimbi, wakacheka na hilo pia.

"Nasema kweli. Alikuwa anayumba lakini ndoo zilikuwa zimetulia. Alikuwa anajua namna. Nilikuwa natembea naye. Hakumwaga hata tone!"

Ukumbi ulisimama kwa makofi. Wretling alikuwa anajifuta macho. "Mmeona?" alisema. "Kipaji kipo kwenye damu!" Msichana mmoja akaletwa na shada la maua, akapiga goti kwa heshima, na Ingegerd akalipokea kwa sababu lilikuwa limeshafika mikononi.

Walirudi nyumbani hadi mlangoni. Hapo Roland akasimama na ufunguo mkononi.

"Mama, sikumcheka yeye. Walikuwa wale paka."

"Fungua mlango, Roland," alisema. "Miguu inaniuma."

*

Kazi Roland aliipata. Barua ilikuja mwanzoni mwa Juni, naye aliisoma jikoni wote wakiwepo: mtunzaji wa Jumba, ya kudumu, na kila Jumamosi ya kiangazi maonyesho mawili ya filamu kwa watalii, mashine ikiendeshwa na mtunzaji mwenyewe.

"Yaani utaionyesha wewe," alisema Marianne.

"Mtu ataionyesha tu. Nisipokuwa mimi ni mwingine."

Marianne alimtazama mama mkwe, akitarajia kwamba hapo angalau atapata mwenzake. Ingegerd alikuwa anakata mkate, na hakuacha kukata.

"Ichukue," alisema. "Huwezi kukaa hapa mwaka mwingine unatazama barabara. Nimeshaishi na mwanamume wa namna hiyo ndani ya nyumba." Akaweka kisu chini. "Ila ukirudi usituambie walicheka wapi."

Petra hakuwa na maoni. Ilikuwa imeshaamuliwa kwamba darasa la mwaka unaofuata atalisoma Falun, akae kwa dada wa mama yake, ambako hakuna anayemjua. Alifungasha mwenyewe. Siku ya kuondoka baba yake alimbebea begi hadi kituo cha basi, na walipopita mbele ya Jumba, Petra alivuka barabara, akapita upande wa pili, akavuka tena kurudi. Roland alimngoja na begi. Basi lilipokuja alimkumbatia, akaanza kusema jambo, dereva akamwuliza kama mzigo unaingia chini au unabaki juu, na jambo likapita.

Jumamosi za kiangazi zilikuwa za jua mwaka ule, na watalii walikuja kuliko mtu yeyote alivyotegemea. Roland alijifunza mashine. Alijua kila kipande cha filamu ile: hapa watanyamaza, hapa watoto, hapa wakubwa, hapa miguu sakafuni. Yeye mwenyewe hakuwahi kucheka tena. Alikuwa anatazama bega la kulia, sekunde ile kabla ya mguu kushuka, na kila mara alikuwa anamwona Petra anakwenda kuchukua mkate.

Onyesho la pili lilipomalizika aliteremka kushikilia mlango. Familia moja kutoka Västerås ilikuwa ya mwisho kutoka. Mvulana wao mdogo alitangulia kwenye ngazi, mikono ameitanua begani, akishuka nyonga huku, nyonga kule, na kila ngazi akitoa mlio wa paka. Mama yake alikuwa anacheka hadi anashindwa kumwambia aangalie asianguke.

"Tumefurahi kweli," baba wa mtoto alimwambia Roland, akimpa mkono. "Hatujacheka hivi siku nyingi. Huyo mtu alikuwa wa hapa hapa?"

"Wa hapa hapa," alisema Roland.

"Ana ndugu waliobaki?"

Mvulana alikuwa ameshafika chini, anapembea kwenye kokoto kuelekea gari. Roland alimtazama mpaka mlango wa gari ukafunguliwa.

"Sijui," alisema, akatoa funguo mfukoni. "Karibuni tena."